Míriel, Fundi wa Sindano Aliyesema “Nimechoka”

Alikuwa na mume mfalme, mikono isiyo na mpinzani na mtoto mwenye kipaji cha kutisha. Halafu akachoka. Ni hadithi ya kubuni, lakini mimi niliisoma kama barua iliyoandikwa kwa jina langu.

Mwanangu alikuwa na wiki saba nilipokutana na Míriel. Usimtafute mjini, humpati. Ni mwanamke wa hadithini, malkia wa watu wasiozeeka, fundi wa kudarizi ambaye mwandishi wake anasema kwamba katika taifa zima la mafundi hapakuwa na mikono iliyoweza kazi laini kama yake. Mimi nilikuwa kitandani Tabata, nimejifunga kanga kifuani, nywele hazijaona kitana tangu juzi. Watu wote walikuwa wameniambia, mtoto akilala na wewe lala. Mtoto alilala. Mimi nikabaki natazama dari. Nikanyoosha mkono nikachukua kitabu alichokuwa anasoma mume wangu.

Kwanza mnijue. Kazi yangu ya mshahara ni mahesabu, ofisini, kuanzia saa mbili mpaka saa kumi na moja. Kazi ya moyo wangu ni sindano. Nadarizi mashuka na foronya, ufundi niliofundishwa na bibi mzaa mama, ambaye alikuwa akienda hata sokoni na subana kidoleni kwa kusahau kuivua. Kabla sijajifungua nilikuwa na oda za maharusi za miezi mitatu mbele. Baada ya kujifungua nililipandisha kapu la nyuzi juu ya kabati, na halikushuka tena. Wateja niliwaambia sina muda. Uongo. Muda ulikuwepo, vipande vipande. Ila nilikuwa nalitazama lile kapu kama mali ya mtu mwingine aliyeniomba nimtunzie.

Sheria ya kazi ya Tanzania Bara inampa mama siku 84 za likizo ya uzazi, na baba siku 3. Mume wangu zake tatu zilikwisha akikimbizana na fomu za hospitali na supu ya kuku. Ni mtu mwema, tuelewane tangu mwanzo. Hii si makala ya kumsema. Lakini jioni moja, nyumba imejaa mawifi na uji wa pilipili manga, alimbeba mtoto, akamnusa utosi, akasema, “Huyu anataka mdogo wake haraka, wapate kucheza.” Watu wakacheka. Na mimi nikacheka. Kisha nikaenda bafuni, nikafungulia bomba ili nisisikike.

Hiyo ndiyo hali niliyokuwa nayo nilipofungua ukurasa ule.

Ni nani huyu?

Míriel ni mmoja wa watu waliobuniwa na J.R.R. Tolkien, Mwingereza aliyezaliwa Bloemfontein, Afrika Kusini, tarehe 3 Januari 1892. Ndiyo, mzaliwa wa bara letu, ingawa aliondoka akiwa mdogo sana. Wengi wetu tulimjua kupitia zile filamu tatu za The Lord of the Rings, za mwaka 2001 hadi 2003, ambazo mtaani kwetu zilikodishwa mpaka diski zikawa na mikwaruzo. Lakini kabla ya pete na safari zake, Tolkien alikuwa na historia ndefu ya kale ya dunia hiyo, aliyoiandika na kuifuta na kuiandika upya karibu maisha yake yote. Alifariki mwaka 1973 bila kuimaliza. Mwanawe Christopher aliipanga, na mwaka 1977 ikatoka kitabu, The Silmarillion. Míriel ana kurasa chache tu humo. Zinatosha.

Watu wake wanaitwa Waelfi. Si majini, wala si malaika. Wana miili kama sisi, wanapenda, wanaoa, wanazaa. Tofauti ni kwamba hawazeeki wala hawaugui. Wanaweza kuuawa, au wakafa kwa huzuni, na hapo roho zao huenda kwenye kumbi za Mandos, mlinzi wa wafu. Roho ikishapumzika inaweza kurudi tena katika mwili. Weka hilo akilini, maana ndipo kesi yote ilipoanzia. Ukoo wa Míriel ni Wanoldor, taifa la mafundi, na makao yao ni Aman, nchi ya heri ng’ambo ya bahari, wanakoishi jirani na Valar, wenye enzi wanaoitunza dunia. (Ni Aman, si Amani. Nami mara ya kwanza nilidhani mpiga chapa kakosea.)

Mume wake ni Finwë, mfalme wa Wanoldor. Na jina lake la sifa ni Therindë, maana yake mdarizi. Katika maandishi mengine ya Tolkien, ambayo Christopher aliyatoa mwaka 1993, tunaambiwa kwamba Míriel ndiye aliyeubuni ufundi wenyewe wa sindano. Na kwamba kama kipande kimoja tu cha kazi yake kingevuka bahari kikafika Dunia ya Kati, wanakoishi watu wa kawaida, kingethaminiwa kuliko ufalme mzima, kwa jinsi michoro yake ilivyokuwa tele na rangi zake zilivyowaka kama majani na maua na mabawa ya ndege.

Hapo nilisimama nikasoma tena. Yaani huo ndio uchawi wake. Hana fimbo, hana tunguri, hasomi maneno ya siri. Wote tunaodarizi tunajua maana ya rangi kuwaka. Unaweza kununua uzi uleule, kitambaa kilekile, ukafuata mchoro uleule, ua la mwenzako likapumua na lako likalala kama limemwagiwa maji ya moto. Tofauti iko mkononi, na mkono hausemi siri yake. Bibi yangu alikuwa hatazami uso wa shuka. Analigeuza, anatazama mgongo, kule kwenye mafundo na nyuzi zilizorukwa. “Huku ndiko alikokaa fundi,” anasema.

Na ajabu ni kwamba Tolkien katuonyesha mgongo tu wa maisha ya Míriel. Hakuna mahali anapomweka kwenye kiti na kitambaa mapajani, akidarizi na kuimba, siku za furaha zake. Tunaingia nyuzi zikiwa zimeanza kukatika.

Mtoto mmoja tu

Ndoa yao ilikuwa ya mapenzi. Hilo linasemwa wazi, na nalisisitiza kwa sababu tuna tabia ya kudhani mwanamke akizidiwa baada ya kujifungua basi lazima kuna kisa na mume. Walipendana sana, tena kwa furaha. Wakapata mtoto wa kiume. Baba akamwita Curufinwë. Mama akamwita Fëanáro, roho ya moto, na jina la mama ndilo lililoshika. Kwenye vitabu ni Fëanor, fundi mkubwa kuliko wote waliowahi kuishi katika taifa lile. Mikono ya nani hiyo? Sindano ya mama iligeuka patasi na nyundo kwa mtoto.

Lakini kumbeba huyo mtoto kulimmaliza Míriel, mwili na roho. Akawa anatamani kupumzishwa kazi ya kuishi. Na akasema. Jamani, hilo ndilo lililonifanya niketi kitandani: alisema. Hakufungulia bomba la bafuni. Alimwambia mumewe kwa maneno ya kueleweka kwamba hatazaa tena kamwe, kwa kuwa nguvu ambayo ingelea uhai wa watoto wengi imekwenda yote kwa huyu mmoja.

Finwë akahuzunika. Taifa lake lilikuwa changa, naye alitamani watoto wengi wakue katika heri ile. Jibu lake kwa mkewe, kwa maneno yangu mimi, lilikuwa hivi: lakini hapa kwetu kuna tiba ya kila kitu, si utapona tu? Hebu lisikilize vizuri jibu hilo. Halina ubaya. Ni jibu la mtu anayependa. Ni sawa na, “Utazoea,” “Mama yangu alizaa saba,” “Mtoto si analala usiku, sasa tatizo nini?” Mke ameeleza hali yake. Mume ameeleza sifa za hospitali.

Akaenda kuomba ushauri kwa mkuu wa Valar, na Míriel akapelekwa kwenye bustani za Lórien, mahali pa usingizi na ndoto njema. Finwë alisikitika kwamba mama atazikosa siku za mwanzo za utoto wa mwanawe. Míriel akamjibu kwamba ni kweli ni jambo la huzuni, na angelilia kama asingekuwa amechoka kiasi kile. Kisha akamwomba asimlaumu, wala kwa hilo wala kwa yatakayofuata.

Angelilia kama asingekuwa amechoka. Mimi machozi nilikuwa nayo, lakini najua ngazi ile inayofuata, ile ambayo hata machozi ni kazi. Nilikuwa nimeshaisikia harufu yake.

Tolkien hamwiti Míriel mgonjwa, na mimi si daktari wa kumpima mtu wa hadithini. Ila ni vizuri tujue tunazungumzia nini katika dunia yetu. Shirika la Afya Duniani linasema karibu asilimia 13 ya wanawake waliojifungua hupata tatizo la afya ya akili, hasa sonona, na katika nchi zinazoendelea kiwango kinafika asilimia 19.8. Chukua kina mama watano waliojipanga kliniki na kadi zao mkononi. Mmoja. Na kwenye ile foleni mtoto anapimwa uzito, anachomwa chanjo, anasifiwa mashavu. Mama akiulizwa, basi ni kama maziwa yanatoka.

Bustanini

Míriel akajilaza chini akalala. Ilionekana kama usingizi, lakini roho iliuacha mwili ikaenda kwa Mandos. Mwili haukuharibika, wasichana wa bustani ile waliutunza. Finwë alikuwa akienda mara kwa mara, anaketi chini ya miti ya majani ya fedha kando ya mkewe, anamwita kwa majina yake yote. Kimya. Katika nchi nzima ya heri yeye peke yake hakuwa na furaha. Baada ya muda akaacha kwenda.

Nawaona wasomaji wa kiume mmekunja uso. Subirini, namtetea kidogo. Kuketi kando ya mtu asiyejibu ni kazi ya kikatili, na sisi tunaozimika kimoyomoyo hatuioni, kwa sababu tuko upande wa ndani wa mlango. Mume wangu aliniambia baadaye kwamba wiki zile alikuwa akifika nyumbani anasimama kwanza nje, na funguo mkononi, anasikiliza kama leo nitakuwa naongea au la. Sikujua. Miezi yote ile nilidhani foleni ya Mandela ndiyo inayomchelewesha.

Mapenzi yote ya Finwë yakahamia kwa mtoto. Fëanor akakua haraka, mrefu, mwenye akili kali, asiyeshaurika. Mtoto aliyelelewa kama kumbukumbu ya mama yake.

Kesi ya ndoa

Sasa hapa ndipo hadithi inapoingia kabisa kwenye kurasa za gazeti kama hili. Finwë alitaka kuoa tena.

Kwetu lingekuwa jambo la kungoja matanga yaishe, kisha shangazi wanaanza kupendekeza majina. Kwa Waelfi ilikuwa balaa. Wao huoa mara moja, kwa maisha yote, na maisha yao hayana mwisho. Tena kifo hakivunji ndoa, kwa sababu aliyekufa anaweza kurudi. Fikiria umeoa mke wa pili, kisha siku moja wa kwanza anapiga hodi. Basi Valar wakakaa kikao kirefu. Ni kama baraza la usuluhishi wa ndoa la kata, ila wajumbe hawafi na hakuna anayeulizia posho.

Míriel akaulizwa huko aliko: utarudi? Akasema hapana. Akapewa muda wa kufikiri. Hapana ikabaki hapana. Ndipo ikaamuliwa kwamba ndoa itafunguliwa, na kwamba yeye sasa hatarudi kamwe. Finwë akamwoa Indis, wa taifa la Wavanyar, ndugu wa karibu wa mfalme wao, mrefu, mwenye nywele za dhahabu, asiyefanana na Míriel kwa lolote. Akafurahi tena. Akampatia wana, wakiwemo Fingolfin na Finarfin, na yale aliyoyatamani tangu mwanzo yakatimia.

Wengi wakisoma hapa humchukia Indis. Mimi siwezi. Hakuiba mume wa mtu. Alimpenda mwanamume aliyekuwa peke yake, akangoja sheria, akaingia nyumba ambayo mke wa kwanza hajaoza. Mwili wa Míriel uko bustanini, mzuri kama siku ile. Nani anaweza kushindana na mwanamke asiyezeeka, asiyekosea na asiyesema? Dada zangu mlioolewa na wajane mnanielewa. Ile picha ya sebuleni ambayo hakuna anayethubutu kuishusha.

Kitabu chenyewe kinapima pande zote mbili. Kinataja kwamba labda kama Finwë angevumilia na kuridhika na mtoto mmoja, mabaya mengi yasingetokea. Halafu hapo hapo kinasema watoto wa Indis walikuwa watu wakuu, na bila wao historia ya Waelfi ingepungukiwa. Ninaipenda hiyo. Haimpi mtu hukumu ya kwenda kumpigia mwenzake.

Thelathini au selasini?

Kuna jambo dogo ambalo msomaji wa Kiswahili atalielewa kuliko Mwingereza. Míriel jina lake la sifa lilikuwa Therindë, kwa “th” kama ya thamani. Baadaye Wanoldor walianza kuibadilisha sauti hiyo wakasema “s”: Serindë. Ni kama sisi. Kuna anayesema thelathini na kuna anayesema selasini. Kuna themanini na semanini, na mitaani tunacheka tu yakaisha.

Míriel hakucheka. Alitaka jina lake litamkwe kama alivyolitamka yeye. Alipokwisha kuondoka, watu wakaendelea na “s” yao, na Indis naye, aliyetoka kwenye taifa lililobaki na “th”, akasema “s” ili afanane na watu wa mumewe. Pengine aliona ni adabu ya mgeni. Fëanor akaiona ni tusi. Kwake yeye, kila aliyesema “s” alikuwa anamfuta mama yake. Wasomi wa Tolkien wana maandishi yake marefu juu ya ugomvi huu wa sauti moja, yaliyotolewa mwaka 1996, na mwanzoni nilidhani ni mambo ya maprofesa. Kisha nikakumbuka rafiki yangu mmoja aliyefiwa na mama akiwa darasa la pili. Mpaka leo, na ukubwa wake na cheo chake, ukimwambia chapati zinakunjwa hivi, atakwambia kwa upole kabisa, “Mama alikuwa hakunji hivyo.”

Na Tolkien mwenyewe alimpoteza mama yake, Mabel, mwaka 1904, akiwa na miaka 12. Baba alikuwa ameshafariki tangu 1896. Sisemi ndiyo maana aliandika hivi. Nasema tu alijua chumba kile kina harufu gani.

Ya Fëanor ni marefu na ya moto. Alitengeneza vito vitatu vilivyobeba nuru ya miti mitakatifu, Silmarili. Akamchomolea upanga ndugu yake wa baba. Adui Melkor akaja, akamuua Finwë mlangoni pa nyumba yake, damu ya kwanza kumwagika katika nchi ile, akaondoka na vito. Fëanor akala kiapo, akavuka bahari kwa meli za kupora zilizogharimu damu ya ndugu, akazichoma moto ng’ambo. Waliobaki hai walilipia kwa vizazi. Vitabu vinahesabu mengi ya hayo. Mimi macho yangu yalikuwa kwa mama.

Nyumba ya Vairë

Finwë alipouawa, roho yake ilifika kwa Mandos. Na nani alikuwa kule? Wakakutana, mume na mke, baada ya yote. Katika simulizi ile ya 1993, Míriel anamwambia kwamba alikosea kumwacha yeye na mtoto, au angalau kutorudi baada ya kupumzika kidogo, maana pengine mtoto angekua na busara zaidi. Kisha anasema anafurahi watoto wa Indis walizaliwa, kwa sababu watasahihisha alipokosea wake. Na Indis mwenyewe, anampenda.

Nilisoma hapo nikakifunga kitabu kwa muda. Maneno hayo hakuyasema mtu aliyebanwa na baraza. Aliyasema mtu aliyepumzika hadi akaisha kupumzika. Hakuna aliyeweza kumfikisha pale kwa kumsukuma, na nikikumbuka ushauri wote niliopewa wiki zile, na watu wote wakinitakia mema, sikumbuki hata mmoja uliokuwa na subira ya namna hiyo.

Ndipo kwa mara ya kwanza Míriel akatamani mwili wake tena. Lakini sheria ilikuwa sheria: mwanamume hawezi kuwa na wake wawili walio hai. Finwë akasema basi mimi nitabaki huku kwa wafu, moja kwa moja, ili yeye arudi. Yule aliyesema “si utapona tu” ndiye aliyelipa nauli. Nienna, yule miongoni mwa Valar ambaye kazi yake ni kuomboleza, akamwombea, na ikakubaliwa. Míriel akaamka bustanini.

Hakurudi ikulu wala kwa watu wake. Alikwenda nyumba ya Vairë, mke wa Mandos, mfumaji ambaye hufuma kila kitu kilichowahi kutokea, na kumbi za wafu zimetandikwa vitambaa vyake. Alikwenda kuomba kazi. Huko ndiko aliko mpaka leo, ukiuamini ulimwengu ule: anafuma habari za ukoo wa Finwë, kwa rangi nyingi kuliko tunazozijua. Meli zinawaka, yumo. Wanawe wa kambo wanavuka barafu kwa miguu, wamo. Hakuliona jino la kwanza la mwanawe, na sasa kila alilolifanya mwana huyo linapita kwenye vidole vyake, uzi kwa uzi, la sifa na la aibu. Na Finwë mara mojamoja anaruhusiwa kuitazama kazi hiyo. Ndiyo faraja aliyobaki nayo.

Hakuna aliyewahi kuona kitambaa cha Míriel, bila shaka. Ila huko Aubusson, mji wa Ufaransa ambao ufumaji wake wa mazulia ya ukutani uliingizwa kwenye orodha ya urithi ya UNESCO mwaka 2009, mafundi walitumia miaka kadhaa kufuma picha ambazo Tolkien alizichora kwa mkono wake. Nimeziona kwenye skrini ya simu tu. Nilizivuta nikatafuta mgongo wake. Hawauonyeshi.

Kapu

Sikulishusha kapu siku hiyo. Nilichofanya ni kumwita mume wangu, usiku, mtoto akiwa kati yetu, nikamwambia, “Baba, kile kitabu chako. Kuna mahali huyu mama anasema hatazaa tena.”

“Nimepaona.”

“Mimi sisemi kamwe. Lakini ukiniambia tena habari ya mdogo wake mbele za watu, na mimi nitakwenda kulala bustanini.”

Alinyamaza muda mrefu, nikadhani kasinzia. Kisha akauliza, “Umechoka vipi?” Si kama nimechoka. Vipi. Nilizungumza mpaka mwadhini wa alfajiri, na nusu ya maneno yalikuwa hayaungani. Wiki iliyofuata tulikwenda wote kliniki, na nesi mmoja mtu mzima akanisikiliza bila kunikatisha, akatuandikia mahali pa kwenda. Nilikwenda. Bado nakwenda, mara moja kwa mwezi. Mawifi hawajui, au wanajua na wamenyamaza, ambayo kwa ukoo wetu ni heshima kubwa.

Kapu lilishuka mtoto akiwa na miezi mitano. Kulikuwa na foronya moja ya bi harusi ambaye ameshaolewa zamani kwa foronya za dukani, ua nusu, na uzi wa kijani uliokatikia kwenye jani. Nilimtuma mume wangu Kariakoo na kipande cha uzi kwenye bahasha, nikamwambia mara tatu: kijani hiki, si kingine. Akarudi jasho likimtoka, kabeba mtoto mgongoni na mbeleko kama mama wa sokoni, na kijani kingine kabisa. Cha mgomba mchanga.

Nimekitumia hivyo hivyo. Jani linaanza rangi moja linaishia nyingine, na jana alilichukua akaligeuza upande wa nyuma, akatazama mafundo yale kwa makini sana kama anayeelewa.

“Sasa hapa,” akasema, “palitokea nini?”